Harufu ya Samaki Siku ya Kuku

Yeshimebet aliamka na hasira, na kwa watu wa jengo lao kule Gofa hiyo haikuwa habari. Hata sikukuu ya Mwaka Mpya, ambayo kwao huja Septemba, siku ambayo Addis Ababa nzima inanukia kahawa na majani mabichi, yeye alishuka ngazi kwenda kanisani amekunja uso, akapanda kurudi amekunja uso vilevile. Mfukoni mwa koti lake, chini ya shali nyeupe ya sikukuu, kulikuwa na plaizi, koleo la fundi la kukatia waya. Alikwenda nayo kanisani, sokoni na msibani. Watoto wa jengo walimwita Mama Plaizi akishawapita. Watu wazima nao walimwita hivyohivyo, ila wao walingoja kwanza afike mbali.

Usicheke. Hasira ile ilikuwa na mahali ilipotoka. Miaka thelathini na mmoja alifanya kazi katika kiwanda kimoja cha nyuzi. Aliingia kama mfagizi wa vumbi la pamba, akatoka akiwa fundi umeme, mwanamke pekee katika karakana ya wanaume kumi na tisa ambao mwaka mzima wa kwanza walimtuma chai. Kazi aliijua kwa kuiba kwa macho. Mwaka wake wa sita, rafiki yake Tiruwork, waliyekuwa wakila naye sahani moja, aliungua mbele yake kwa sababu msimamizi aliona afadhali waya uliokatika uungwe kuliko ubadilishwe. Kiungo kile kililala chini ya vumbi la pamba kikipata moto taratibu, na asubuhi nzima watu walikuwa wakiulizana mbona hapa pananuka samaki. Plastiki ya umeme ikianza kuungua hunuka hivyo, lakini siku ile hakuna aliyelijua hilo. Tiruwork alikaa hospitali siku nne, akafa. Makaburini msimamizi alisema hayo ni mapenzi ya Mungu. Yeshimebet akachota udongo wa kaburi akamtupia usoni.

Tangu hapo alimchukia kila mtu anayemsingizia Mungu kazi ya mikono yake mwenyewe, na watu wa namna hiyo, ukiwahesabu, hawaishi.

Alipostaafu alipata nyumba ghorofa ya nne. Jengo zima lilijua kuna fundi juu, na jengo zima lilimwita kitu kikishaungua, si kabla. Alikuta ekstensheni imechomekwa kwenye ekstensheni nyingine, nayo kwenye nyingine, zimefuatana nyuma ya makochi kama ngamia wa msafara. Alikuta waya umepitishwa chini ya zulia na kitanda kimewekwa juu yake. Aligomba, wakamshukuru, wakamkaribisha kahawa. Mlango ukifungwa nyuma yake walichomeka upya kama mwanzo. Sikio la kufa halisikii dawa, na jengo lile lilikuwa na masikio mia mbili.

Lakini sikio lililomuuma kuliko yote lilikuwa la mdogo wake wa tumbo moja, Aselefech, ghorofa ya pili.

Aselefech alikuwa mjane, na alipika injera za kuuza, ile mikate myembamba ya unga wa tefu. Injera zake zilisifika, zilikuwa laini na zenye macho mengi, yale matundu madogo ya juu, na watu walitoka mitaa mitatu kuzifuata. Jikoni kwake kulikuwa na soketi moja nene, yenye waya wake na breka yake, iliyowekwa na wajenzi kwa ajili ya mitad, lile sinia pana la umeme la kupikia injera. Sasa, mwaka jana Aselefech alipiga hesabu zake, akaweka kitanda jikoni, akampangisha mwalimu mmoja wa fizikia, mtu mzima aliyeachwa na mke, jina lake Debebe. Mitad ikahamia sebuleni. Na sebuleni aliichomeka kwenye ekstensheni nyeupe yenye kinga aliyonunua sokoni, pamoja na tivii, pamoja na friji.

Yeshimebet aliiona mkesha wa Pasaka, sebule ikiwa imejaa wateja wanaosubiri.

"Asele, hii mitad umeichomeka wapi?"

"Kwenye ekstensheni, dada. Ina kinga. Ona taa yake nyekundu. Muuzaji kaniambia ikiwaka hivyo, nyumba imelindwa."

"Imelindwa dhidi ya nini?"

"Dhidi ya umeme, basi!"

"Kinga inazuia umeme unaoruka ghafla, ule unaokatika halafu ukarudi na wazimu. Haizuii ujinga. Hiyo ni ya tivii, ya redio, ya kuchaji simu. Mitad inakula umeme kuliko nyumba nzima, na huo waya mwembamba kama kidole cha mtoto. Hebu shika hapa. Shika uone joto lake."

"Joto la kawaida tu."

"Joto la kawaida ni la supu!"

Wateja walicheka, na kicheko hicho ndicho kilichoharibu mambo. Aselefech aliona aibu, na mtu akiona aibu ulimi wake hauna breki. Alisema, "Kuna watu wamezoea moto wa viwandani. Wanatamani kila nyumba iungue ili waonekane wana akili."

Yeshimebet aliwapita wateja. Aliinama, akachomoa plagi ukutani, maana hata hasira yake ilikuwa na elimu, akatoa plaizi, akaukata waya wa ekstensheni shubiri mbili kutoka kwenye plagi, wateja wakitazama. Kacha! Unga uliochachushwa siku tatu ukabaki ndani ya ndoo mpaka ukaharibika. Wateja wakaenda kununua kwingine mkesha wa Pasaka, na kati ya ndugu hao wawili hakuna aliyeomba radhi.

"Mguu wako usikanyage tena sakafu hii," Aselefech alisema.

"Haukanyagi. Na siku ikiwaka, usinitumie mtu."

Miezi mitano wakapishana kwenye ngazi, mmoja akitazama ukuta na mwenzake akitazama viatu. Yeshimebet akawa anakula injera ya dukani, ngumu na chungu, na kila tonge lilimkumbusha nani anapika nzuri na kwa nini yeye haipati. Alikasirika akila na alikasirika akishiba. Alijua Aselefech anapika tena, maana wateja walikuwa wakipanda na kushuka, basi akadhani amenunua ekstensheni nyingine.

Mwezi wa Sene, yaani Juni, mvua zilipoanza, radi ilipiga karibu. Umeme ukaruka, nyumba tatu za jengo zikapoteza tivii. Ya Aselefech ilipona. Akatoka nje akasimama kwenye ngazi, akapaza sauti ili ifike ghorofa ya nne.

"Kinga yangu imefanya kazi! Mwambieni Mama Plaizi! Mwambieni tivii yangu inaimba!"

Yeshimebet alisikia kila neno, na kilichomchoma ni kwamba ilikuwa kweli. Kinga ilikuwa imefanya kazi. Lakini kinga ya namna ile ikipigwa pigo kubwa inaweza kufa papo hapo, na ikifa umeme unaendelea kupita kama kawaida. Dalili yake ni taa tu. Alikuwa na swali moja la kumuuliza mdogo wake, la maneno manne: taa yake bado inawaka? Alishuka nalo mpaka ghorofa ya tatu. Akasikia kicheko kutoka chini, akageuka akarudi juu. Swali hilo lilimkaa kooni miezi mitatu.

Sasa, siku ya Mwaka Mpya. Umeme ulikuwa umekatika tangu jana yake mchana, na jengo zima lilikuwa na unga uliochachuka na wageni wanaokuja. Ilipofika saa nne asubuhi taa zikawaka, na sauti ikalipuka ghorofa zote kwa pamoja, wakubwa kwa wadogo: "Umekuja! Umekuja!" Kila mwenye mitad akaiwasha dakika hiyohiyo. Balbu ya Yeshimebet iling'aa nyeupe ya kutisha, ikatulia. Yeye hakuwa amechomeka kitu. Umeme ukikatika alichomoa vyote, na ukirudi alikunywa kwanza kikombe kizima cha kahawa ndipo achomeke. Majirani walimcheka kwa hilo pia.

Alikuwa amefika nusu ya kikombe ilipomfikia harufu.

Alitoka kwenye ngazi. Jirani wa ghorofa ya tatu, Zinash, alikuwa amesimama mlangoni na mwiko mkononi, anavuta hewa puani.

"Heri ya mwaka, Mama Yeshi. Hebu niambie, nani huyu asiye na haya anapika samaki siku ya kuku?"

Yeshimebet alimpita akishuka mbio. Umri wake wa miaka sitini na mitatu aliuacha kwenye ghorofa hiyo ya tatu. Alipofika mlango wa Aselefech alisimama. Ndani kulikuwa na vicheko, na mvuke wa kahawa ukipenya chini ya mlango pamoja na ile harufu. Alikuwa amesema haukanyagi. Alisimama kwa pumzi tatu, na baadaye pumzi hizo tatu alizionea aibu kuliko jambo lolote alilopata kufanya. Kisha akagonga kwa ngumi.

Alifungua Mwalimu Debebe, mdomo umejaa.

"Heri ya mwaka mpya, ma..."

"Nani kapika samaki humu?"

"Samaki? Sisi tunakula kuku."

"Ni nani huyo, Mwalimu?" sauti ya Aselefech ilitoka sebuleni. "Kama ni huyo wa juu, mwambie sherehe imejaa."

"Asele, harufu hiyo inatoka kwako!"

"Hiyo ni harufu ya hasira zako. Rudi juu nayo!"

Wifi wawili wa Aselefech walikuwa wamekaa chini, kwenye majani mabichi yaliyotandazwa sakafu nzima kama ilivyo kila nyumba sikukuu hiyo, nguo zao nyeupe zimewazunguka. Mmoja alitaka kutuliza mambo, maskini, akasema kwa upole, "Tulidhani ni majirani ndio wanaopika. Hata tivii leo imegoma, tangu umeme urudi haitaki kuwaka."

"Tivii imegoma?" Yeshimebet aliuliza.

Hakungoja jibu. Alikanyaga sakafu aliyokatazwa, akanyoosha mkono nyuma ya mlango kwenye kisanduku cha umeme, akaiangusha breka kubwa. Mitad ikanyamaza, friji ikanyamaza, na sebule ikapiga kelele.

"Ameanza tena!" Aselefech aliruka, kopo la unga mkononi, uji wa tefu unamtiririka mpaka kwenye kiwiko. "Mbele ya wifi zangu! Mara ya pili! Wewe mwanamke una nini na mimi? Ulinyonya peke yako nikakunyang'anya?"

"Nyanyukeni hapo!" Yeshimebet aliwaambia wale wifi. "Nyanyukeni, msiulize!"

Walinyanyuka. Yeye akapiga magoti, akaanza kufukua majani kwa mpini wa plaizi. Kila mahali yalikuwa mabichi, ya kijani, yenye unyevu. Kisha, karibu na ukuta, akafika mahali yalipokuwa ya kahawia, makavu kama majani ya chai. Aliyasogeza, moshi mwembamba ukapanda. Chini yake waya ulikuwa na uvimbe wa tepu nyeusi iliyoyeyuka, na zulia la plastiki lilikuwa limetoboka. Mkubwa wa wifi alitazama pale, akatazama mahali alipokuwa ameketi, shubiri moja tu kutoka pale, akaikusanya nguo yake kwa mikono miwili mpaka magotini.

Yeshimebet aliinua kichwa.

"Nani kaunga huu waya?"

"Mimi," alisema Mwalimu Debebe. "Nilisokota vizuri kabisa. Kwa kanuni, waya ukishasokotwa..."

"Nyamaza."

"Mama, mimi nafundisha fizikia."

"Ndiyo maana nimekwambia nyamaza! Asiyejua ningemhurumia."

Aliivuta ekstensheni kutoka chini ya majani, akaigeuza. "Na hii taa, Asele. Ilizimika lini?"

Aselefech alikuwa bado ameshika kopo. "Siku ile ya radi. Nilidhani kitaa tu kimeungua. Mbona umeme ulikuwa unapita?"

"Ulikuwa unapita! Mlinzi akifa mlangoni, mlango hujifunga wenyewe? Siku ile ilikulinda ikafa. Nawe ukaiacha maiti kwenye lindo miezi mitatu, unaipigia vigelegele kwenye ngazi! Leo umeme umerudi na wazimu, haikuwepo kinga ya kuuzuia, tivii yako imekwenda. Na huku mitad inauchemsha waya chini ya nyasi, na watu mmekaa juu yake mnakunywa kahawa. Nyasi hizo zingekauka kidogo zaidi, ningeitwa kutambua miili yenu. Kinga, kinga! Ungemchinja kondoo ukapaka damu yake mlangoni ingekuwa afadhali!"

Alikuwa na maneno mengine, ameyatunza miezi mitano, yamenolewa. Alifungua mdomo ayatoe, na hapo macho yake yakarudi kwenye kile kiungo. Kilikuwa shubiri mbili kutoka kwenye plagi. Shubiri mbili. Mkono wake uliukumbuka umbali huo kabla akili haijaukumbuka.

"Hii ni ile ile?"

"Ipi?"

"Niliyoikata Pasaka."

Aselefech aliliweka kopo chini polepole. "Ile ile. Ningeweza kununua nyingine, pesa ilikuwepo. Lakini kila nikifika dukani nauona uso wako unavyofurahi. Nikasema sinunui. Itaungwa, itafanya kazi, na yeye ataumia."

Wifi walimgeukia Mwalimu Debebe na kumtazama vibaya, na yeye akajikunyata ukutani. Ingeishia hapo. Lawama ilikuwa imeshapata mtu wa kuibeba, tena mtu aliyestahili sehemu yake, na Yeshimebet angeweza kunyamaza akapanda zake ngazi, mshindi. Lakini aliona vumbi la pamba. Alimwona yule msimamizi aliyeruhusu kiungo kulala chini ya vumbi, akasema ni Mungu. Miaka yote hii alikuwa akimchukia mtu yule. Leo huo udongo angemtupia nani? Hasira ilimpanda kuliko siku zote za maisha yake na haikuwa na mahali pa kwenda isipokuwa ndani.

"Nilikata nikaondoka," alisema. Sauti yake ilikuwa kali bado, hakuwa na nyingine. "Kukurudishia mitad yako jikoni kwenye waya wake, kazi ya nusu saa. Sikuifanya. Nilikata, nikapanda juu, nikajiona shujaa. Na hilo swali la taa nilikuwa nalo tangu siku ya radi. Nilishuka nalo mpaka kwa Zinash."

"Mbona hukuniuliza?"

"Ulikuwa unacheka."

Wifi mdogo alitaka kucheka, akaona nyuso zao, akaacha.

Aselefech aliketi juu ya kigoda cha kahawa. Hasira bado ilikuwa imempanda. Alimtafuta mtu wa kumtolea.

"Mwalimu, kesho unahamia humu sebuleni. Jiko ni la mitad."

"Lakini dada Asele, mkataba wetu..."

"Mkataba uko hapo chini ya majani. Kausome."

Kisha aliinama akaiokota ekstensheni, akamtupia dada yake mapajani. Uso wake ulikuwa umelowa.

"Ikate. Si unapenda kukata? Safari hii ikate vipande vipande, asipatikane mpumbavu wa kuiunga."

Yeshimebet alimtazama. Akamnyooshea plaizi, mpini mbele.

"Kata wewe."

"Lete basi."

"Umechomoa?"

"Si umezima breka mwenyewe, mwanamke wewe!"

"Nionyeshe plagi."

Aselefech alimwita Bikira Maria na malaika wawili. Akatambaa mpaka ukutani, akang'oa plagi, akaja kuisimamisha mbele ya pua ya dada yake. "Haya. Umeiona? Au nikuletee na miwani?"

"Nimeiona."

Alianza na pale pale kwenye kiungo, kwa mikono miwili, maana hakuzoea plaizi. Alikata akilia na kutukana, na Yeshimebet akaushika waya upande wa pili ili usicheze.